Siku ya mtihani wa mbwa: anza na mkono wako

Mtihani tunaojipima nao katika darasa letu la kufunza mbwa ni ule wa Canine Good Citizen, ulioanzishwa na American Kennel Club ya Marekani mwaka 1989. Una majaribio 10: mbwa akubali kuguswa na mgeni, apite katikati ya watu bila kuvuta kamba, aje akiitwa, na kadhalika. La mwisho ndilo hututoa jasho: unamwachia mtu mwingine kamba, unapotea machoni pa mbwa wako kwa dakika 3. Mbwa wangu, Simba, alianguka hapo, na kosa lilikuwa langu. Nilichungulia pembeni mwa ukuta, akaniona, akalia kama mtoto aliyeachwa bodingi.

Hatua ya 1: soseji ya kumtuza iondoke mapema. Mtihanini huruhusiwi kumpa chakula. Kumsifu na kuongea naye, ruksa. Punguza mwezi mzima kabla, la sivyo siku hiyo atakuwa anatazama mfuko wako tu.

Hatua ya 2: zoesha mkono. Mwaka 2022 watafiti wa Queen's University Belfast walionyesha kuwa mbwa hutambua kwa pua jasho na pumzi ya mtu aliyepata msongo. Kwa hiyo usijisumbue kumficha hofu. Mkono unaoshika kamba, huo unauweza. Nendeni msitu wa Karura hapa Nairobi, kamba ilegee kama ya kuanikia nguo. Kila mkono ukikaza, simama, toa pumzi ndefu, legeza, ndipo mwendelee. Na ongea naye, maana huwezi kuongea huku umebana pumzi. Mimi humsimulia Simba bei ya unga.

Hatua ya 3: mwachie jirani. Anza na sekunde 10, kisha 30, mpaka dakika 3 zipite. Ukiondoka, usiage. Ukirudi, usishangilie.

Hatua ya 4: asubuhi yenyewe. Toka mapema, foleni ya Ngong Road haina habari na mtihani wako. Mpe chakula kidogo, anuse uwanja, akojoe. Akijisaidia katikati ya jaribio, ameanguka.

Maswali ya wanachama

*Mwalimu, wangu akifika uwanjani anapiga miayo tu. Hakulala?*

Si usingizi, mama. Miayo, kulamba pua na kugeuza uso mara nyingi ni wasiwasi. Msogeze mbali na mbwa wengine mpaka aitike jina lake, kisha mrudishe taratibu.

*Jirani ana dawa ya kutuliza ya mbwa wake. Nimpe nusu?*

Hata robo usimpe. Dawa huandikwa na daktari wa mifugo aliyemwona mbwa huyo. Halafu, mbwa akiwa amelewa dawa, mtihani utapima nini?

*Na sisi wenye mikono ya jasho? Kamba huniponyoka.*

Pole ndugu yangu, hata mimi. Acha ya nailoni, tafuta ya ngozi, upige fundo pale unaposhika. Na siku hiyo kikombe cha pili cha kahawa ukiache nyumbani.