Pamba ya sukari Kigoma: namna ya kuisokota na kuiuza kabla haijanywea

Anayeililia pamba ya sukari ni mtoto, anayelipa ni mzazi, na mzazi hatoi hela kwa kitu kilichosinyaa. Hapa Kigoma, ziwa likiwa mlangoni, kusinyaa ndiyo kazi yake: nyuzi za sukari hunyonya unyevu wa hewa, zinashikana, mwishowe unabaki na donge linalonata. Kwa hiyo hatua nyingi hapa chini ni za kukimbia unyevu.

Hatua ya 1: Mashine

Ziko za umeme na za gesi. Nyingi za umeme hula takribani wati 1,000, kwa hiyo jenereta ndogo ya kuwashia taa itazidiwa. Za gesi hupasha kichwa kwa moto, na betri ya volti 12 hukizungusha. Kwa anayehamahama, leo Mwanga sokoni, kesho Ujiji, keshokutwa kwenye sherehe, nasema chukua ya gesi.

Kanuni ni ileile tangu 1897, William Morrison na John Wharton walipoibuni huko Nashville, Marekani. Sukari inayeyuka ndani ya kichwa kinachozunguka kwa kasi, inasukumwa nje kupitia matundu madogo, ikikutana na hewa inaganda papo hapo kuwa nyuzi. Huyo Morrison alikuwa daktari wa meno. Wenye meno mabovu mtajua wenyewe alikuwa anatafuta nini.

Hatua ya 2: Sukari na rangi

Tumia sukari ya kawaida ya dukani, yenye chembe za wastani na kavu kabisa. Ya unga, ile ya kupambia keki, iache: inarushwa nje kabla haijayeyuka, beseni lote linajaa vumbi. Kama imeshika unyevu, ianike juani kwenye sinia ukiwa umeifunika kitambaa chepesi, kisha itie kwenye ndoo yenye mfuniko.

Rangi iwe ya chakula, na iwe ya unga. Ya maji hufanya sukari ishikane mabonge na kuziba matundu. Tia kidogo sana, changanya, tazama, ongeza.

Usishawishike na rangi ya kutilia ukili wa mikeka kwa sababu ni rahisi na inakoza. Februari 2024 jimbo la Tamil Nadu, India, lilipiga marufuku pamba ya sukari baada ya vipimo kukuta rodamini B, rangi ya viwandani inayotiwa kwenye nguo. Hapa sina mjadala na mtu: ukikosa rangi ya chakula, uza nyeupe. Inanunuliwa vilevile.

Hatua ya 3: Kusokota

Chagua mahali pasipo na upepo. Mchana unavuma kutoka ziwani, kwa hiyo funga turubai upande huo. Kaa mbali na meza za dagaa pia. Hakuna mzazi anayetaka pamba inayonukia dagaa.

Washa, acha kichwa kipate moto dakika 3 hadi 5. Simamisha mzunguko, mimina kijiko kikubwa kimoja cha sukari katikati, washa tena. Baada ya muda mfupi utaona utando mwembamba ukianza kujikusanya ukutani mwa beseni. Futa kijiti kwa kitambaa chenye unyevu kidogo (maji pekee ninayoyaruhusu hapa), kipitishe kwenye utando mpaka nyuzi zishike, kisha kiinue, kilaze juu ya beseni na ukizungushe kwa vidole. Usibane. Ukibana unatoa hewa, na hewa ndiyo unayouza.

Ukiona nyuzi za kahawia na harufu ya kuungua, punguza moto. Chembe zikiruka nzima nzima, moto bado mdogo.

Mkono usikaribie kichwa. Sukari iliyoyeyuka inaganda kwenye ngozi huku ikiendelea kuunguza. Watoto wakae nyuma ya kamba, hata wakilia.

Hatua ya 4: Kufunga

Funga palepale. Kwenye maonesho ya St. Louis ya 1904, Morrison na Wharton waliuza maboksi 68,655 kwa senti 25 kila moja. Hata wao hawakuiacha wazi. Wewe tafuta kifungashio cha chakula kinachoonesha ndani, kikazwe mdomo. Mfuko wa plastiki wa kubebea ulipigwa marufuku tangu Juni 1, 2019, usijitafutie kesi. Msimu wa mvua usifunge akiba: sokota mteja akiwa amesimama.

Hatua ya 5: Kibao

Andika "Pamba ya sukari" kwa herufi kubwa. Ukiuzia Kibirizi, wanakoshukia wenzetu wa Kongo na Burundi, ongeza "barbe à papa", ndevu za baba; ndivyo wanavyoijua wanaosema Kifaransa. Waingereza huiita "candyfloss", Wagiriki nywele za bibi kizee, na wasemao Kihindi vivyo hivyo. Waafrikana, wale Makaburu wa Afrika Kusini, ndio wamenishinda: kwao ni "spookasem", pumzi ya mzimu. Hiyo usiiandike, watoto watakukimbia.

Hatua ya 6: Usafi

Sukari ikiisha, acha mashine izunguke tupu mpaka mabaki yaungue, ndipo uzime. Ikishapoa, toa beseni ulioshe kwa maji ya moto. Kichwa kisafishe kwa brashi kavu tu. Fanya siku hiyohiyo, la sivyo asubuhi unakuta sisimizi wameshafungua duka. Beseni lirudi kwenye mashine likiwa limekauka kabisa.