Unataka kushuti matambiko ya Wadogon? Kamera iache kwenye begi kwanza

Naona watu wameanza kuulizia mambo ya Sigui, lile tambiko kubwa la Wadogon, watu wa Mali, kwa sababu inakuja kila baada ya miaka 60 na inayofuata inatarajiwa 2027, sasa kabla hujakata tiketi ya Mali jua kwamba huko Bandiagara wanakoishi watu wanauawa na vijiji vinashambuliwa, miaka mingi sasa, kwa hiyo wenyeji wakikwambia usije basi usije, hamna cha kubembeleza.

Ukipata njia, siku za mwanzo ni za kukaa tu. Utapelekwa toguna, lile banda la wazee lenye paa zito la mabua ya mawele, limeshushwa chini makusudi ili mtu akipandwa na hasira asiweze kusimama. Na wewe hutasimama, tripodi yako ndefu haina kazi humo, shuti umekaa, kamera mapajani. Salamu zao ni ndefu kweli, utaulizwa wa nyumbani wote hawajambo, na unasikia "sewo, sewo" kila jibu. Usizikate ukiedit. Halafu mkalimani awe wa kijiji hichohicho maana lugha za Kidogon ni nyingi na wa kijiji cha mbali anaweza asielewe kitu.

Kitu ambacho mi ningeanza nacho ni ramli ya mbweha. Jioni mpiga ramli anachora visanduku mchangani, anapanga vijiti na alama za maswali, anamwaga karanga, anaondoka. Usiku mbweha anakuja kula, asubuhi zinasomwa nyayo. Sasa usije ukaweka taa usiku eti umnase mbweha, hatakuja na utakuwa umeharibia watu swali lao! We shuti mkono unavyochora jioni, kisha rudi alfajiri, jua likiwa bado chini linapiga mchanga kwa ubavu na kila ukucha unaonekana, jua likipanda tu nyayo zinafutika machoni. Na angalia unapokanyaga.

Vinyago vya dama, yaani sherehe ya kumaliza msiba, ni vya chama cha wanaume kiitwacho Awa, wanawake kwa kawaida wanakaa mbali, kwa hiyo kama kwenye timu yako kuna mwanamke uliza mapema asimame wapi. Lenzi iwe pana. Anayecheza kinyago cha kanaga anainama na kuzungusha kinyago mpaka kinafagia ardhi, na kile cha sirige ni mbao ndefu ya mita kadhaa juu ya kichwa cha mtu, ukizoom umebaki na uso bila ngoma.

Jean Rouch, mtengeneza filamu Mfaransa aliyeifuata Sigui kuanzia 1967 ilipoanzia kijiji cha Yougo, kila mwaka kijiji kingine, alikuwa anashika kamera mkononi anatembea nao. Nenda katazame kazi zake uone anavyoufuata ule mstari wa wanaume wanaocheza.

Kwenye imani ndo watu wanapotea. Mwaka 1946 mwanaanthropolojia Mfaransa Marcel Griaule alizungumza siku 33 na mzee mmoja kipofu, Ogotemmêli, dunia nzima ikachukulia aliyoyasema mzee huyo ndo dini ya Wadogon wote, kisha 1991 mwanaanthropolojia mwingine, Walter van Beek, akaandika kwamba alipokaa nao hakuyakuta hayo. Kwa hiyo usiweke sauti inayosema "Wadogon wanaamini", sema mzee huyu kasema, na muulize na jirani yake, ambaye huenda ni Mwislamu na vinyago havimhusu.

Ukishaedit rudi nayo uwaoneshe kabla ya mtu mwingine yeyote, Rouch naye alikuwa anawarudishia watu filamu zake wazitazame. Beba projekta na betri yake, na kalamu, maana watakuonesha pa kukata.