Jinsi ya Kusoma Mnara wa Kisiasa: Mfano wa Mnara wa Nyayo, Nairobi

Mnara wa Nyayo umesimama katika bustani ya Central Park jijini Nairobi tangu mwaka 1988, ulipojengwa kuadhimisha miaka 10 ya utawala wa Rais Daniel arap Moi. Wengi wanaoutembelea leo huenda kupiga picha za harusi au kujipumzisha kivulini, na ukiwauliza maana yake, watakujibu tu kwamba ni "mambo ya Moi". Mwongozo huu unaeleza utaratibu ninaoufuata ninapowaongoza wanafunzi wa historia mbele ya mnara huo, na unaweza kuutumia popote penye sanamu, tao au mchoro wa ukutani uliowekwa na serikali ambayo haikuwa na mpinzani wa kuikosoa hadharani.

Msingi wa utaratibu wenyewe ni huu: mnara wa aina hii usiusome kama kumbukumbu ya jambo lililokwisha kutokea. Usome kama hotuba iliyotolewa mwaka fulani, kwa hadhira fulani, na mtu aliyekuwa na sababu ya kuitoa mwaka huo na si mwingine. Hatua zote zinazofuata zinalenga kuitafuta sababu hiyo.

Kabla ya kuanza, chukua daftari, kalamu na simu yenye kamera. Ukifika na kamera kubwa na stendi yake, walinzi wa bustani watakusogelea kukuuliza kibali, kwa hiyo waamkie kwanza na uwaeleze shughuli yako. Tabia ya kutilia shaka mtu anayepiga picha mali ya serikali nayo ni urithi wa miaka hiyo hiyo tunayoichunguza.

Hatua ya 1: Zunguka mnara mzima kabla ya kupiga picha

Usianze na kamera. Zunguka polepole na uandike unachokiona bila kukifasiri: kilele cha mlima, mkono unaochomoza kutoka kwenye kilele hicho, rungu lililoshikwa na mkono huo, na mahali palipotengenezwa kwa ajili ya chemchemi ya maji. Kisha andika ulipolazimika kusimama ili uone vizuri, na pia kama uliinua shingo. Mjenzi wa mnara ndiye anayeamua shingo yako iinuke kiasi gani, na uamuzi huo ni sehemu ya ujumbe wake.

Hatua ya 2: Tambua mkono ni wa nani

Hapa ndipo wanafunzi wengi hukosea, kwa kuwa hutafuta uso. Mnara wa Nyayo haukuhitaji uso. Mkenya yeyote wa mwaka 1988 alilijua rungu lile, kwa sababu Rais Moi alilishika katika kila mkutano wa hadhara, katika kila picha ya gazetini na katika kila taarifa ya habari ya televisheni ya taifa. Watu waliliita fimbo ya Nyayo, na Nyayo lilikuwa jina la Moi na utawala wake. Kifaa cha mkononi kilikuwa kimekwisha kuwa saini, na saini haihitaji picha pembeni yake.

Sasa angalia mkono huo unatokea wapi. Unatokea ndani ya mlima, na mlima huo ni Mlima Kenya, ulioipa nchi jina lake na ambao wenyeji wa sehemu za kati za Kenya waliuheshimu kama makao ya Mungu. Kwa maneno mengine, mchongo unadai kwamba mamlaka ya mtu huyu yameota kutoka katika ardhi yenyewe, na kwamba hayakutokana na kura wala na katiba. Moi alitoka Baringo, katika Bonde la Ufa, na alirithi kiti kutoka kwa Jomo Kenyatta, mzaliwa wa Kiambu, ambaye wafuasi wake wengi wenye nguvu walitoka upande huo wa mlima. Baadhi yao walijaribu mwaka 1976 kuibadilisha katiba ili makamu wa rais asirithi uongozi moja kwa moja. Mkono wa Moi kutokea kwenye kilele cha mlima huo haukuwa urembo tu.

Mfano wa kulinganisha unapatikana Baghdad. Tarehe 8 Agosti 1989 Saddam Hussein alizindua Tao la Ushindi, ambalo ni jozi mbili za mikono mikubwa inayoinuka kutoka ardhini na kukutanisha panga juu ya barabara, kwenye kimo cha mita 40 hivi. Mikono ile ilitengenezwa kwa kunakili mikono ya Saddam mwenyewe, na chini yake zilimwagwa kofia za chuma za askari wa Iran. Mchongo ulioanza kusanifiwa wakati vita vya Iraq na Iran bado havijaisha ulikuwa umekwisha kutangaza mshindi. Miji hii miwili haikuigana, lakini hoja ni moja: mkono wa mtawala unachipuka kutoka ardhini, na tayari umeshika silaha.

Hatua ya 3: Andika kalenda ya mwaka wa ujenzi

Hatua hii itakuchukua muda mrefu kuliko nyingine zote, na ndiyo yenye mavuno makubwa. Chora mistari 12, mmoja kwa kila mwezi, kisha ujaze yaliyotokea. Utayapata katika magazeti ya zamani, katika Gazeti Rasmi la serikali na katika kumbukumbu za majadiliano ya Bunge, zinazoitwa Hansadi. Nyingi ya nyaraka hizo huhifadhiwa na Idara ya Nyaraka za Kitaifa, ambayo ofisi zake ziko katika barabara ya Moi Avenue. Barabara hiyo iliitwa Government Road enzi za ukoloni, kwa hiyo hata njia ya kuendea ushahidi ina jina la mshitakiwa.

Kalenda ya mwaka 1988 inaanza na uchaguzi. Mwezi Februari KANU, chama pekee kilichoruhusiwa na sheria tangu Juni 1982, kilifanya mchujo wa wagombea kwa mlolongo: wapigakura walipanga foleni nyuma ya mgombea, wakala wake au picha yake, kisha wakahesabiwa. Aliyepata zaidi ya asilimia 70 alitangazwa kuwa amepita bila kupingwa, na hakukuwa na karatasi za kura za kuhesabu tena. Watu walioshuhudia foleni ndefu ikitangazwa kuwa imeshindwa na foleni fupi bado wanasimulia jambo hilo. Mwezi Machi ukafuata uchaguzi mkuu, na Moi akaendelea kuwa rais bila mpinzani. Mwezi Agosti Bunge likapitisha mabadiliko ya katiba yaliyoondoa kinga ya majaji ya kutofutwa kazi kiholela, na yaliyowaruhusu polisi kuwazuilia kwa siku 14 watuhumiwa wa makosa yenye adhabu ya kifo. Mwezi Oktoba ukawa wa sherehe za miaka 10 ya Nyayo.

Weka kalenda hiyo kando ya mnara, kisha urudie kusoma. Kaulimbiu ya sherehe ilikuwa amani, upendo na umoja. Kalenda inaonyesha serikali iliyokuwa ikiwahesabu watu hadharani ili ijue nani amesimama wapi, huku ikiwapokonya majaji uhuru wao. Mtawala anayetulia hahitaji kuandika utulivu wake kwa jiwe.

Hata hivyo, kalenda yako iwe ya haki. Rudi nyuma hadi mwaka 1978, na utaona kwamba mwezi Desemba mwaka huo Moi aliwaachilia wafungwa wa kisiasa wote waliozuiliwa na Kenyatta. Mwaka uliofuata ulianza mpango wa maziwa ya bure katika shule za msingi, na watoto waliokunywa maziwa ya Nyayo ni watu wazima leo wanaoyakumbuka kwa furaha ya kweli. Propaganda isiyogusa ukweli wowote haidumu hata mwezi mmoja. Jambo la kuchunguza ni ukweli upi ulichaguliwa, na ulitumiwa kufunika upi.

Hatua ya 4: Fuatilia jina

Jina Nyayo lilianza kama ahadi ya unyenyekevu: rais mpya atafuata nyayo za Mzee Kenyatta. Polepole nyayo za kufuatwa zikawa za Moi mwenyewe. Mwaka 1984 aliwataka mawaziri na viongozi wengine waimbe kama kasuku wimbo anaouimba yeye, kama alivyouimba wa Kenyatta alipokuwa makamu wake. Jina hilo likabandikwa kwenye uwanja wa michezo, kwenye mabasi na kwenye wodi za hospitali. Andika orodha ya vitu vyote vilivyobeba jina la mnara wako, pamoja na miaka yake, na utaona lilipoacha kumtaja marehemu.

Kumtumia marehemu kama ngazi si jambo la Kenya peke yake. Mwaka 1966 Mobutu, mtawala wa Kongo, alimtangaza kuwa shujaa wa taifa Patrice Lumumba, waziri mkuu wa kwanza wa nchi hiyo, ambaye Mobutu mwenyewe alishiriki kumwangusha, na mnara mrefu ulioanza kujengwa Limete, Kinshasa, kwa heshima yake ukabaki bila kukamilika miaka yote ya utawala huo. Mabaki ya Lumumba yalizikwa hapo Juni 2022.

Hatua ya 5: Tazama majirani wa mnara

Geuza mgongo kwa mnara na uandike unachokiona. Ng'ambo ya makutano ya Kenyatta Avenue na Uhuru Highway linasimama Jumba la Nyayo. Mbele yake utakuta watu wamepanga foleni na bahasha zao wakisubiri huduma za pasipoti, kwa kuwa ni jengo la ofisi za kawaida. Chini ya ofisi hizo, katika orofa iliyo chini ya ardhi, kuna vyumba ambamo washukiwa wa Mwakenya, vuguvugu la siri lililompinga Moi, waliteswa, hasa kuanzia mwaka 1986: walifungiwa gizani, wakanyimwa chakula, wakasimamishwa ndani ya maji. Vyumba hivyo vilionyeshwa umma mwaka 2003, baada ya Moi kuondoka madarakani.

Jina moja, makutano mamoja, mwendo wa dakika chache kwa miguu. Watu wa kawaida waliuona mnara, na waliokamatwa waliliona jumba. Ramani yako ionyeshe vyote viwili kwenye ukurasa mmoja. Ukiupiga mnara picha peke yake, mbingu ikiwa nyuma yake, utakuwa umeirudia kazi ya mchongaji neno kwa neno.

Hatua ya 6: Orodhesha wasiokuwepo

Tembea katikati ya jiji na uandike ni nani aliyepewa sanamu na katika mwaka gani. Kenyatta aliyeketi katika ua wa KICC, jumba la mikutano ya kimataifa, aliwekwa mwaka 1973, kazi ya mchongaji Mwingereza James Butler, wakati Kenyatta mwenyewe angali hai na akitawala. Dedan Kimathi, kiongozi wa wapiganaji wa Mau Mau aliyenyongwa na Waingereza mwaka 1957, alisubiri hadi Februari 2007 kupata sanamu yake ya shaba, akiwa na bunduki na kisu, katika mtaa wenye jina lake. Mau Mau walibaki kundi lililopigwa marufuku na sheria ya kikoloni hadi mwaka 2003, miaka 40 baada ya bendera kupandishwa. Marais wawili wa kwanza waliliimba neno uhuru kila sikukuu, lakini hawakutaka mpiganaji mwenye bunduki asimame barabarani akiwaangalia.

Hatua ya 7: Tafuta mnara ambao haukujengwa

Mwaka mmoja baada ya Mnara wa Nyayo, ulitangazwa mpango wa kujenga jengo la orofa 60 ndani ya bustani ya Uhuru, ng'ambo ya barabara, kwa ajili ya kampuni ya gazeti la chama cha KANU, pamoja na sanamu kubwa ya Moi. Mwanamazingira Wangari Maathai aliandika barua kuupinga, akatukanwa Bungeni, na shirika lake la Green Belt Movement likafukuzwa katika ofisi ya serikali. Wafadhili wa nje walisita na mradi ukafa. Mwaka 1992 kona ya bustani hiyo ikawa mahali ambapo akina mama wa wafungwa wa kisiasa waligoma kula, na tangu Septemba 2015 ipo kumbukumbu ya waathiriwa wa mateso ya wakati wa Mau Mau. Michoro ya miradi iliyokufa na barua za kuipinga ni ushahidi mzito kuliko picha za mnara uliokamilika, kwa sababu ndimo sauti za waliokataa zilimobaki.

Hatua ya 8: Andika mnara ulifanywa nini baadaye

Sanamu ya Stalin ya Prague ilizinduliwa mwaka 1955 na kulipuliwa na serikali ile ile mwaka 1962. Mnara wa Nyayo haukuguswa. Kenya ilichagua njia nyingine: katiba ya mwaka 2010 inakataza picha ya mtu yeyote kwenye noti na sarafu, na hivyo picha rasmi za marais zikaondolewa kwenye fedha mpya huku minara yao ikibaki pale pale.

Hatua ya 9: Tengeneza kadi ya mnara

Malizia kwa kuandika kadi moja isiyozidi sentensi 5, itakayoambatana na picha zako. Yangu inasema hivi: "Mnara wa Nyayo, Central Park, Nairobi, 1988. Mkono wenye rungu la Rais Moi unatokea kwenye kilele cha Mlima Kenya. Ulijengwa kuadhimisha miaka 10 ya utawala wake, katika mwaka wa uchaguzi wa mlolongo na wa kuondolewa kwa kinga ya majaji. Jumba la Nyayo, ambamo washukiwa wa kisiasa waliteswa, liko ng'ambo ya makutano. Linganisha na picha ya pili, iliyopigwa kutoka upande wa jumba." Picha hiyo ya pili usiipige karibu na mlango wa jumba wala usiwaingize watu walio kwenye foleni. Ipige ukiwa umevuka barabara, na uandike nyuma yake saa na mahali ulipokuwa umesimama.