Jinsi ya kubuni chama cha wakuza-ramani, hatua kwa hatua

Mwandishi chipukizi hapa Nairobi aliniletea wazo zuri la hadithi: chama cha siri ambacho hakichori ramani, kinaziotesha. Kila njia ni tawi, kila mtaa ni chipukizi. Lakini alipoanza kuandika alikwama, kwa sababu mti wake ulikuwa pambo tu. Hizi ndizo hatua tulizopitia pamoja.

Hatua ya 1: Chagua mti

Chagua mugumo, mti wa jamii ya mtini. Jakaranda inapendeza Oktoba ikichanua, lakini asili yake ni Amerika Kusini na haitufanyii kazi tunayoitaka. Mugumo hushika hata ukichomeka tawi nene ardhini. Huteremsha mizizi kutoka juu, na mizizi hiyo ikigusana muda mrefu huungana ikawa kitu kimoja. Njia panda zako umezipata bila uchawi. Tena una heshima yake: kwa Wakikuyu ni mti wa ibada, na mwaka 2020 mugumo mkubwa wa Waiyaki Way, uliokuwa ukatwe kupisha barabara ya Expressway, ulinusurika baada ya watu kupaza sauti.

Hatua ya 2: Shina liwe mahali mji ulipoanzia

Kwa Nairobi ni kituo cha reli, 1899.

Hatua ya 3: Amua ramani inakuaje

Hapa usiharakishe. Wengi huandika kwamba mti ukirefuka, ramani nzima inatanuka. Mti haukui hivyo. Hurefuka kwenye ncha tu. Sehemu iliyokwisha komaa hunenepa. Pigilia msumari kwenye shina usawa wa kifua, na miaka ishirini baadaye utaukuta usawa uleule, pengine umemezwa na gome. Kwa hiyo umbali kati ya panda moja na nyingine haubadiliki. Vipimo vya mji mkongwe vinabaki sahihi, na mitaa mipya inaongezeka nchani.

Unene nao upe maana. Tawi lenye majani mengi hunenepa, lililopunguzwa majani hudumaa. Wakuza-ramani wako waiachie majani njia inayopitwa sana, na ile iliyohamwa wailishe njaa.

Sasa, barabara ikihama je? Tawi changa utalipinda na kulifunga kwa kamba ya katani. Likikomaa halipindiki, itabidi likatwe. Na mti haufufui sehemu iliyojeruhiwa: kovu huifunika kutoka kingoni mpaka kingo zikutane, na mbao ya zamani hubaki ndani. Hadithi yako iko hapo. Mtaa uliobomolewa kwa tingatinga unafutika kwa nje, lakini atakayeupasua mti ataukuta. Nani ana ruhusa ya kushika msumeno? Nani anakumbuka kovu lipi lilikuwa mtaa wa kina nani? Pata majibu kabla hujaandika sura ya kwanza.

Tahadhari mbili. Usimpe mhusika kazi ya kuhesabu pete za mti ili ajue mwaka. Huku tuna masika, Machi hadi Mei, na vuli, Oktoba hadi Desemba. Mti unaweza kuweka pete mbili kwa mwaka, au zisizosomeka kabisa. Miaka itunzwe na shanga zilizofungwa matawini, au na bibi mwenye kumbukumbu. Pia usisahau utomvu. Mugumo ukikatwa hutoa maziwa meupe yanayonata kisuni na kuwasha ngozi, kwa hiyo mikono ya wakataji iwe na alama zake.

Hatua ya 4: Vyeo

Vitatu vinatosha: anayetembea mitaani, anayefunga kamba, anayekata. Ukizidisha, msomaji atapotea.

Hatua ya 5: Nakala

Mti haubebeki, na karatasi naikataa. Waganda hutengeneza nguo kwa gome la mutuba, ndugu wa mugumo: gome huvuliwa, shina likafungwa majani ya mgomba, na gome jipya likaota. Nakala ya ramani itoke kwenye gome la mti wenyewe, ligongwe kwa nyundo ya mbao mpaka lilainike. Hivyo nakala zitakuwa chache, na kuiba moja kutakuwa kosa kubwa.

Kisha mtafute msomaji wa kwanza. Mtajie mtaa mmoja, umwulize angeutafuta kwenye tawi gani. Akishindwa, rudi hatua ya 3.