SOMO: Jinsi ya kutengeneza jiwe la kupinda muda kwenye hadithi yako

Wakuu habari za jioni. Sisi tunaoandika hadithi za kufikirika hapa Dar tunapenda sana jiwe la ajabu linalochezea muda, ila nyingi ninazosoma jiwe linafanya chochote mwandishi anachotaka, shujaa akibanwa analisugua anatoka, na hapo hadithi imeshakufa. Naomba tuliweke sawa.

Hatua ya 1: Chukua tabia za jiwe la kweli
Kusema tu "lilikuwa linang'aa" haitoshi. Tuna tanzanite, imegunduliwa 1967 kule Mirerani, Simanjiro, na haichimbwi kwingine kokote duniani. Ile ambayo haijapitishwa kwenye moto ukiigeuzageuza mkononi upande huu inakupa bluu, upande ule zambarau, mwingine wekundu uliochanganyika na kahawia. Basi jiwe lako nalo liwe hivo: likielekezwa upande wa bluu muda unapungua kasi, wa zambarau unaongezeka, na ule wekundu mfiche msomaji mpaka katikati ya hadithi.

Hatua ya 2: Liwe na cha kuliamsha
Ndani ya saa za mkononi za betri kuna kwatzi, aina ya jiwe linalofanana na kioo. Ukiikandamiza inatoa umeme kidogo, hilo ndugu wawili wa Ufaransa, Pierre na Jacques Curie, walilionyesha 1880, na ukiipa umeme inatikisika, kwenye saa ya kawaida mara 32,768 kwa sekunde, ndio mitikisiko ambayo saa inahesabu. Kwaiyo jiwe lako nalo lisubiri kubanwa. Mimi napenda mhusika aling'ate kwa meno, maana aking'ata hawezi kuongea wala kuita msaada.

Hatua ya 3: Nani analipa?
Hapa ndio penyewe, tafadhali msipite haraka. Muda kupinda sio uongo mtupu. Einstein alishaeleza kwamba saa iliyo juu, ambako mvutano wa dunia ni mdogo, inakwenda haraka kuliko ya chini, na setilaiti za GPS zinazotuonyesha njia kwenye simu, ukipiga hesabu zote pamoja na mwendo wake, saa zake zingetangulia za huku chini kama mikrosekunde 38 (yaani sehemu 38 za milioni za sekunde moja) kila siku kama zisingerekebishwa. Sasa angalia: aliyekaa na saa yake haoni chochote kimebadilika, tofauti inaonekana mkikutanisha saa mbili. Kwaiyo kila jiwe linapofanya kazi uwe na sehemu mbili, na ya pili iumie.

Mfano. Mama anakufa, mganga yuko mwendo wa siku tatu. Binti anang'ata jiwe upande wa bluu. Ndani ya chumba tone la nta limening'inia kwenye mshumaa halidondoki, mama ana pumzi moja na hiyo pumzi haiishi. Siku ya tatu mganga anaingia, mama anapona, tunashukuru. Binti anatoka nje anakuta mahindi ya jirani, yaliyokuwa na nywele mbichi, yamekauka yameoza shambani, maana muda uliozuiliwa chumbani umemwagikia kwa jirani, na jirani ana watoto watano. Hapo umepata hadithi, binti atamwambia nini yule jirani?

Hatua ya 4: Weka mpaka
Umbali wa chumba kimoja, tena mtu mmoja asilitumie mara mbili kwa mwezi. Inatosha.

MASWALI YA WADAU

Mdau wa Mbagala: Mkuu, langu linarudisha watu nyuma kabisa, nalo ni kosa?
Jibu: Sio kosa ila ni gumu sana kaka. Msomaji akijua kila msiba unafutika ataacha kuogopa. Kama ni lazima, lirudishe sauti tu, mtu asikie maneno ya jana bila uwezo wa kuyabadilisha. Inauma zaidi.

Dada wa Tabata: Kwenye ufalme wangu nitumie saa za kizungu?
Jibu: Hapana dada yangu, tumia za kwetu, ni utajiri ambao wengine hawana. Kwetu pwani siku inaanza jua likizama, ndio maana wazee wakisema usiku wa Ijumaa wanamaanisha usiku wa kuamkia Ijumaa. Fanya nguvu ya jiwe igeuke magharibi, siku inapobadilika, alafu umlete mgeni anayedhani siku inaanza usiku wa manane, mpango wake wote utaharibika na hujaongeza uchawi hata kidogo.

Mdau wa Kigamboni: Sheria zote hizi naziingizaje bila kumchosha msomaji?
Jibu: Asizielezee mzee wa kijiji kurasa nzima. Onyesha lile tone la nta kwanza, yale mahindi baadae, msomaji ataunganisha mwenyewe.

Dada wa Tabata tena: Na likivunjika?
Jibu: Swali zuri sana. Tanzanite inapasuka kirahisi kufuata upande mmoja, mafundi wa kukata wanailinda isigongwe hovyo. La kwako lipasuke hivohivo, kipande cha bluu kibaki na binti, cha zambarau kiende kwa jirani. Mmoja anaweza kuzuia muda tu, mwingine kuukimbiza tu, na nyumba zao zinatazamana. Anzia hapo sura ya pili, ukimaliza niletee niisome.