Kiti mwendo kifike hadi kwenye rafu

Anzeni mlangoni mwa maktaba. Pimeni kimo cha ngazi zote, zidisheni kwa 12: ngazi za sentimita 45 zinadai mteremko wa kupandia wenye urefu wa mita 5.4. Mafundi wengi huufupisha kwa kukosa nafasi, na hapo mwenye kiti mwendo hapandi bila kusukumwa, akishuka kiti kinamponyoka. Uwanja ukiwa mdogo, ukunjeni katikati kwa jukwaa la mita 1.5 kila upande. Kwa mvua za Mbeya na Iringa, tafadhali msipige niru, yaani saruji laini ya kung'arisha! Saruji ikiwa bado mbichi, ikwaruzeni kwa ufagio mgumu, mistari ikatize njia, ili magurudumu na mikongojo isiteleze. Bomba la kushikia liwe kwenye sentimita 90.

Ndani, mlango na njia kati ya rafu visipungue sentimita 90. Chini ya meza pawe wazi sentimita 70, magoti yaingie.

Kwa wasioona, programu ya NVDA ni ya bure na husoma kwa sauti maandishi ya kwenye skrini, hata ya Kiswahili. Iwekeni kwenye kompyuta pamoja na hedifoni. Vitabu vya nukta nundu visimamisheni wima. Vikilazwa na kurundikwa, nukta hubonyea na vidole havisomi tena.