Msamiati wa bioteknolojia: uliza kwanza kama kiumbe yumo

Jana nikimsaidia mpwa wangu kusoma hapa Moshi, nimegundua njia ya kuacha kuchanganya maneno ya bioteknolojia na ya uhandisi unaoiga viumbe. Ukikutana na neno jipya, usikariri maana yake. Jiulize: kiumbe yumo kazini, au ameigwa tu? Akiwa yumo, hiyo ni bioteknolojia. Chukua mbege, pombe ya ndizi na ulezi: ulezi ukioteshwa kuwa kimea unatoa vimeng'enya (protini zinazoharakisha mabadiliko ya kikemia), navyo vinageuza wanga kuwa sukari, kisha hamira inakula sukari hiyo na kutoa pombe na kabonidioksaidi (huko ndiko kuchachuka), ndiyo mapovu unayoyaona juu ya pipa. Hapo umeshashika kimeng'enya, hamira na uchachushaji kwa mpigo, na hutavisahau kwa sababu umeshavinusa. Kiumbe akiwa ameigwa umbo lake tu, huo ni uhandisi unaoiga viumbe. Mwaka 1941 Mswisi George de Mestral alichunguza mbegu zilizonasa kwenye manyoya ya mbwa wake, akaona vijindoano. Ndipo ikazaliwa Velcro, ile ya viatu vya watoto. Ukitoka shambani na kishona nguo kwenye suruali, chomoa kimoja ukitazame vizuri kabla ya kukitupa.

Njia inakwama sehemu mbili. Sabuni ya unga yenye vimeng'enya haina kiumbe hai ndani, lakini ni bioteknolojia, maana vimeng'enya vimetengenezwa na vijidudu. Na uhandisi wa tishu, yaani kukuza sehemu za mwili kwa kupanda seli kwenye kiunzi (fremu ya kuzishikilia), uko pande zote: kiunzi kinaiga mwili, seli ni hai kabisa. Hilo liandike katikati ya makundi hayo mawili.